Bibi wa Sinema na Barua ya Rukia

Sikwambii paukwa, na wewe usinijibu pakawa. Hizo ni za watoto kabla ya kulala. Haya nitakayokueleza yalinipata mimi mwenyewe, mchana, mbele ya wanawake zaidi ya thelathini, katika nyumba ambayo mpaka leo tukipita Kuze naweza kukuonyesha dirisha lake. Wako wachache waliobaki wanaoikumbuka siku ile, na ukiwauliza watakwambia kwamba niliingiwa na wazimu. Haya, waulize. Lakini waulize pia kama wanajua niliona nini.

Najua watu husema mizuka hutoka usiku, kwenye giza na njia panda. Wangu mimi alinijia baada ya sala ya alasiri, watu tumekaa juu ya mikeka tunatafuna kaimati. Uniamini usiniamini, hilo ni lako.

Ilikuwa miaka ya arobaini, vita vikuu vimekwisha punde tu. Wakati ule mwanamke wa Mji wa Kale wa Mombasa hakwenda sinema akakaa chumba kimoja na wanaume. Nani angemruhusu? Lakini Bi Sakina, mke wa Muhindi mmoja muuza vitambaa, alikuwa na mashine ya sinema kwenye orofa ya nyumba yao. Mumewe aliinunua kwa Mzungu aliyekuwa akirejea kwao, pamoja na mikebe kadhaa ya picha za zamani, zile zisizosema. Mjini sinema zilikuwa zikisema na kuimba tangu zamani. Za Bi Sakina zilikuwa bubu, na sisi tulizipenda vivyo hivyo.

Kila Jumatano, wanaume wakiwa madukani na bandarini, tulipanda juu. Bi Sakina alifunga mlango kwa komeo, akatundika mablanketi madirishani, akakunja mikono ya kanzu yake na kuzungusha mashine mwenyewe, kwa sababu fundi mwanamume hakuweza kuingia pale. Ukutani palikuwa na shuka nyeupe ya kitanda. Watu wa kwenye shuka walifungua midomo bila sauti, kisha picha ikakatika, yakatokea maandishi ya Kiingereza ya yale waliyoyasema, kisha picha ikarudi.

Sasa nani katika wanawake wa Kuze alijua kusoma Kiingereza? Mimi. Baba yangu alikuwa karani wa forodha, hakujaliwa mtoto wa kiume, akanifundisha nyumbani yale ambayo angemfundisha mwanawe. Kwa hiyo niliwekewa kibao kando ya shuka, nikaelekea watu, nikawa nageuza shingo kusoma na kuwaambia wenzangu kwa Kiswahili. Usinicheke. Nilikuwa na miaka ishirini na mbili na nilijiona mtu mkubwa kweli.

Na kosa langu lilianzia hapo hapo. Sikuwa nikisoma kilichoandikwa.

Elewa, pale walikuwapo mabinti na mama zao, wake na mama wakwe zao, mkeka mmoja. Picha za Wazungu zimejaa mambo ya aibu. Nitamwambiaje mama mtu mzima, mbele ya mkwewe, kwamba yule bibi anamtoroka mumewe? Nilisema anakwenda kumwangalia mama yake mgonjwa. Mwanamume akimbusu mke wa mwenzake, nilisema ni kaka yake ametoka safari. Divai nikaiita sharbati. Wallahi, kwenye shuka ile kila mtu alikuwa na mama mgonjwa, na Ulaya nzima ilikuwa ni ndugu. Mabibi wazee walinisifu. "Mwana huyu ana stara," walisema, na mimi nikazidi kunogesha.

Ulimi ukishazoea hauchagui. Wanawake waliniletea pia barua zao niwasomee, zile zilizoandikwa kwa hati za Kizungu, kwa sababu wao walisoma hati za Kiarabu tu, za msahafu. Huko nako nikaanza kunyoosha. Mume akiandika kwa ukali, mimi niliusoma kwa upole. Niliona nawafanyia wema, na walikuwa wakiondoka kwangu wanacheka.

Rukia alikuwa shoga yangu wa tangu chuoni, tulihitimu msahafu mwaka mmoja. Aliolewa na Sefu, mtu wa Unguja, wa ukoo mkubwa sana huko, watu wa majumba na mashamba ya karafuu. Sefu alikuja Mombasa kwa kazi ya ukarani, mtu wa kuandika hati za Kizungu tu, akampenda Rukia, akamuoa bila kungoja ruhusa ya mama yake. Mama hakumsamehe. Alimwita mwanawe Unguja kwa kisingizio cha mirathi, na Sefu akaenda, akasema miezi miwili. Ikawa minane.

Barua yake ilifika mwezi wa Rajabu, wiki moja baada ya Rukia kumzika mama yake. Baba hana, kaka hana, amebaki na shangazi yake mzee tu. Barua za namna ile hupelekwa kwa walii wa mwanamke, baba au kaka yake. Rukia hakuwa na walii wa karibu, ikaja kwake mwenyewe, na yeye akanikimbilia mimi.

Nikaifungua. Mstari wa kwanza salamu. Mstari wa pili: *Rukia, nimekuacha talaka moja.*

Sikuendelea. Nakuapia, macho yangu hayakwenda zaidi ya pale. Nilimtazama Rukia, bado amevaa nguo za msiba, macho yamevimba, ananitazama mdomo. Nikajiuliza, nimpe matanga mawili kwa wiki moja? Nikasema moyoni nitamwambia Ijumaa, akishapumzika. Nikaikazia macho karatasi na kuanza kutunga. Nikamwambia Sefu anampa pole ya mama yake, anamkumbuka, na laiti angekuwa naye kule Unguja. Kisha nikaikunja haraka nikamrudishia, asije akauona uso wangu.

Ijumaa ikaja, sikumwambia. Ijumaa ya pili vilevile. Rukia akataka kumjibu mumewe. Alinisemea maneno, mimi nikaandika, naye akanipa barua niipeleke posta. Ningeipelekaje? Sefu angejibu kwamba alishamwacha, na uwongo wangu ungekuwa hadharani. Niliitia jikoni kwenye makaa, nikachemshia chai. Sikuona uchungu wowote siku ile, na hilo ndilo linaloniuma zaidi leo.

Shaabani ikaisha. Ramadhani ikaisha. Baada ya Idi, Rukia alikuja kwangu uso umenawiri. "Shoga," aliniambia, "nimekata shauri. Maadamu yuwatamani niwe naye, mimi nitakwenda. Nishakata tikiti ya meli ya Ijumaa. Sitamwambia, nataka nimpige mshangao!" Nilimwambia bahari ni chafu. Nilimwambia mama mkwe wake ni mkali. Alicheka. Akasema kwamba Jumatano Bi Sakina atatuonyesha picha mpya, na wanawake wote watakuja hapo kumuaga, na mimi nije na sauti nzuri.

Jumatano hiyo orofa ilijaa mpaka kwenye ngazi. Kahawa, halua, kaimati, udi unafukizwa. Rukia alikaa mbele kabisa, miguuni pangu, mikono imejaa hina kama bibi harusi. Bi Sakina alitia komeo, akatundika mablanketi, akaanza kuzungusha.

Picha yenyewe ilikuwa ya bwana mkubwa wa Kizungu, mtu wa jumba lenye ngazi za mawe na watumishi wa kuhesabu. Mkewe alikuwa na shingo ndefu na macho makubwa yaliyotiwa wanja mwingi, na mdomo mdogo mweusi. Katika nyumba hiyo alikuwamo rafiki wa bibi, mwanamke, amekaribishwa kama ndugu. Bwana akatiwa maneno na mama yake juu ya mkewe, wakagombana, bwana akaondoka na farasi akaenda nchi ya mbali. Mimi nikawaambia watu kwamba amekwenda Hija. "Wazungu nao huhiji?" akauliza bibi mmoja. Nikamwambia huyu amesilimu. Watu wakafurahi.

Basi bwana akamwandikia mkewe barua. Ikaletwa mlangoni, ikapokewa na yule rafiki. Akaifungua, akaisoma, akatazama huku na huku, kisha akaenda kwenye moto wa ukutani, ule wa kuotea baridi, akaitupa ndani. Picha ilionyesha karatasi ikijikunja na kuwa nyeusi.

"Yuwafanyani?" wakauliza. Nikasema anawasha moto, Ulaya kuna baridi sana.

Ndipo nikahisi mtu amekaa kando ya kibao changu, upande wa ukutani ambako hakukuwa na mkeka. Amevaa buibui, amejifunika uso wote. Nilidhani ni mtu aliyechelewa. Nilikereka kidogo, maana hakunisalimu, nikaendelea na kazi yangu. Lakini mwanga wa shuka ukaangukia mkono wake aliouweka gotini, na mimi nikauona.

Mkono ule haukuwa na rangi. Usiniulize kama alikuwa mweupe au mweusi. Ulikuwa wa kijivu, kijivu cha watu wa kwenye shuka, na kucha zake kijivu, na pete yake kijivu. Nilidhani ni mwanga. Nikautazama mkono wangu mwenyewe, sentimita chache kutoka kwake, katika mwanga ule ule, na hina yangu ilikuwa nyekundu kama kawaida. Je, mwanga mmoja unaweza kuangaza mikono miwili kwa namna mbili?

Akafunua uso.

Alikuwa ni yule bibi wa kwenye picha. Sisemi alifanana naye. Alikuwa yeye, shingo ile, wanja ule, mdomo ule mweusi, na uso wake pia hauna rangi hata tone. Nikageuka kutazama shuka na bibi alikuwako kule pia, amesimama dirishani anangoja barua. Nikageuka kwangu, yuko kandoni kwangu. Huku yuko, na kule yuko. Nilitaka kupiga kelele, taya zikafunga.

Akaanza kusema na mimi. Midomo ilikwenda upesi, macho yamenitulia, na sauti haikutoka. Hata pumzi haikutoka. Nilimwinamia sikio kama unavyomwinamia mtu aliyekaukiwa na sauti, nikasikia ile mashine ya Bi Sakina tu ikikereza. Alipoona sielewi, alinyoosha kidole kwenye shuka.

Palikuwa na maandishi. Meupe juu ya weusi, yamezungushiwa maua pembeni, kama yalivyo siku zote maandishi ya sinema. Lakini hayakuwa Kiingereza. Yalisema: *Rukia, nimekuacha talaka moja.*

Midomo yake ikacheza tena, na kwenye shuka yakaja mengine, taratibu, mstari baada ya mstari. Na haya sikuwahi kuyaona maishani mwangu.

*Upande wa kwanza nimeuandika mama akiwa amesimama juu yangu. Upande huu naandika peke yangu. Moyo wangu haukutaka. Ukinijibu hata neno moja kabla eda haijesha, nitakurejea, mama akiridhika asiridhike. Usiponijibu nitajua kuwa na wewe umechoka nami, na nitamuoa huyo wanayenitakia.*

Fikiri nilivyokuwa. Jibu alilolingoja mtu yule nililiandika kwa mkono wangu na kulichoma kwa mkono wangu. Shaabani, Ramadhani, Mfunguo Mosi. Rukia alikuwa amemaliza eda, ile miezi mitatu ya kungoja ya mwanamke aliyeachwa, bila mwenyewe kujua kwamba amekaa eda. Na alikuwa pale miguuni pangu, amejipaka hina, anasafiri Ijumaa.

Rukia alinivuta nguo. "Mbona umenyamaa, shoga? Nambia. Bwana yuwasemani?"

Na mimi, Mungu anisamehe, mbele ya mzuka ule, maneno yameandikwa ukubwa wa mkono, nilifungua mdomo nikasema: "Anasema anamngoja mkewe. Anasema afanye haraka, aje."

Wanawake wakapiga vigelegele. Rukia alipiga kuliko wote.

Bibi wa kijivu alinitazama. Sikuona hasira usoni mwake, na laiti ningeiona, ningejua la kufanya. Alinitazama kwa huzuni, kama mtu anayemtazama mwenziwe akirudia jambo lile lile. Akacheza midomo mara moja tu, kidogo, na kwenye shuka likaja neno moja: *Msomee.*

Nikapiga ukelele, "Imekwisha! Imekwisha!" nikaanguka na kibao changu.

Mablanketi yakashushwa, jua likaingia. Nilinyanyuliwa, nikamwagiwa maji ya mawaridi usoni. Nikatazama ukutani, hapana mtu, na mlango bado uko na komeo lake kama Bi Sakina alivyolitia. Yeye mwenyewe alikuja akanishika mabega, hofu imemjaa. "Mwanangu, weye ulikuwa wasoma nini?" akaninong'oneza. "Picha imekatika zamani. Pale pale barua ilipoungua. Shuka ilikuwa nyeupe tupu, wenzio wadhani picha itarudi, mimi nazungusha mkono bure, nangoja umalize."

Nilitaka kumwambia kuna mtu alikuwa kando yangu. Midomo ikacheza, sauti haikutoka. Nikajaribu tena. Hakuna kitu. Kooni hapakuwa na maumivu, wala kikohozi, wala homa. Sauti haikuwepo tu, kama haikuwahi kuwepo. Wanawake walisema ni joto na moshi wa udi, na wengine wakasema nimepagawa, wakaanza kutajiana waganga.

Mimi nikatoka mbio. Nilikwenda nyumbani kwa Rukia kabla ya maghrib, nikamkuta amekwisha fika, anafunga sanduku lake la safari. Alikuwa ameniwekea kalamu ya risasi ili nimwandikie jina la Sefu juu ya kifuniko kwa hati za Kizungu. Nikamwonyesha kwa mikono kwamba nataka ile barua. Alicheka. "Wanifanyia mzaha? Ama sauti umeimalizia kwenye sinema?" Hata hivyo alifungua kijaluba chake akanipa. Ilikuwa imechakaa kwenye mikunjo kwa kufunguliwa na kubusiwa na mtu asiyejua imeandikwa nini.

Niliigeuza. Upande wa pili ulikuwa umeandikwa kwa mwandiko wa Sefu, mdogo, wa haraka. Neno kwa neno. *Upande huu naandika peke yangu.* Nilikuwa sijapata kuigeuza barua ile hata mara moja, niulize vyovyote utakavyo. Basi yale maneno niliyasoma wapi Jumatano ile kama si pale kwenye shuka?

Nilikaa sakafuni. Ningemwambiaje, sauti sina? Nikachukua karatasi iliyofungiwa halua, na ile kalamu, nikaandika kila kitu kwa hati za Kiarabu, pande zote mbili za barua, nikatia irabu zote, fataha na kasra na dhuma, ili asikwame hata kwenye herufi moja. Kisha nikampa.

Rukia alidhani namwandikia maneno ya kumuaga. Alikaa kitako vizuri, akaweka kidole kwenye herufi ya kwanza, akaanza kusoma kwa sauti namna tulivyofundishwa chuoni, silabi moja moja, huku anatabasamu. "Ru-ki-a. Ni-me-ku-a-cha." Akarudi nyuma, akasoma tena. "Nimekuacha. Ta-la-ka. Mo-ja."

Nilitamani anyang'anywe karatasi ile na mtu yeyote. Lakini hakuacha. Tulifundishwa ukianza aya uimalize, na Rukia akaimaliza, kidole kinakwenda, sauti inazidi kushuka, mpaka kwenye lile neno la kumjibu kabla ya eda kwisha. Hapo alihesabu miezi kwa vidole vyenye hina. Akaihesabu mara mbili.

"Na barua yangu?" akaniuliza. "Ile nilokupa uipeleke?"

Nikanyoosha kidole kwenye jiko lililokuwa ukumbini kwao, lenye makaa, na birika juu yake.

Alilitazama jiko lile. Hakulia. Akalifungua sanduku, akaanza kutoa nguo moja moja na kuzirudisha kabatini, akizikunja vizuri kabisa. Alipofika katikati, bila kugeuka, aliniambia, "Toka."

Meli ya Ijumaa iliondoka bila yeye. Baadaye zikaja habari na wasafiri kwamba Sefu ameoa Unguja siku chache baada ya Idi, harusi kubwa, binamu yake. Hebu nieleze, angalikwenda na hina yake mikononi, angefika mlangoni siku gani na kumkuta nani? Hilo ndilo nililookoa, kama naweza kusema niliokoa kitu. Lakini mume wake nilimpoteza mimi. Sefu alimwachia mlango wazi kwa miezi mitatu, na aliyesimama mlangoni alikuwa ni mimi, ninatabasamu.

Sauti ilirudi siku ya arubaini. Ilirudi hivi unavyoisikia, ina mkwaruzo, na zamani nilikuwa nikisifiwa kwa sauti. Bi Sakina aliitazama ile picha yote mkononi, kipande kwa kipande, mbele ya mwanga wa dirisha. Aliniapia kwamba haina herufi hata moja ya Kiswahili, na kwamba inakatika pale pale karatasi inapoungua. Mwisho wake haukuwa kwenye mkebe tangu iliponunuliwa. Hakuionyesha tena, wala mimi sikukaa tena kwenye kibao kile. Yule bibi sijui alikuwa nani. Labda naye aliwahi kungoja barua.

Siku moja, karibu na mwezi wa Maulidi, mlango wangu uligongwa. Nikafungua, Rukia. Barua mkononi. Nikasema amekuja kunitukana, na ningemwachia anitukane mpaka achoke.

Hakuketi. "Sikukusamehe," alisema, "na sijui kama nitakusamehe. Nisomesha hati za Kizungu."

Nikamfundisha. Alikuja kila siku baada ya adhuhuri, hakunywa chai yangu, hakuuliza habari za nyumbani kwangu. Kitabu chetu kilikuwa ni barua ile peke yake, hakutaka kingine. Nilipomtajia neno alinitazama, kisha akanitajia herufi zake moja moja, apate hakika kwamba sikumdanganya. Nilistahili. Baada ya miezi sita alikaa mbele yangu akaisoma yote, upande wa kwanza na wa pili, bila kusita na bila kuniuliza kitu. Akaikunja, akasema "Assalaam alaikum," akainuka. Hakurudi tena.

Sasa sikiliza wewe, uliyekaa hapo unajua kusoma. Watu watakuletea barua zao, na siku hizi hata za hospitali na za korti. Mtu akikupa karatasi yake amekupa macho yake. Isome ilivyo, hata kama analia, hata kama jana amezika. Usimhurumie kwa maneno yako mwenyewe. Na kabla hujafungua mdomo, igeuze utazame nyuma. Mimi sikugeuza, na Rukia tunaishi mtaa mmoja, ni mzee kama mimi, tukikutana njiani ananijibu salamu tu, na mpaka leo barua zake anasoma mwenyewe.